Picha Iliyotazama Ukuta

Siku ya tatu ya matanga ya Bi Rozina, kule Hail, nje kidogo ya Maskati, wanaume tumekaa hemani na kahawa inapita, jirani mmoja nisiyemjua aliuliza swali ambalo nimelisikia tangu nywele zangu zikiwa nyeusi: "Na ile picha yake ya Bibi Mariamu, hasa kaichora nani?" Hema zima likanigeukia mimi. Sikushangaa. Tangu Sidab mpaka Hail hakuna mtu mwingine wa kuulizwa. Nina diploma ya kuhifadhi mbao na picha za kale, niliyoipata Firenze, kwa Wataliano, kwa jasho langu mwenyewe, na kwa miaka mingi ilikuwa ya pekee katika nchi hii. Kama kulikuwa na nyingine, mwenyewe hakujitokeza. Nilimtazama yule jirani, kijana wa ofisini mwenye kanzu iliyopigwa pasi ikasimama, nikamwambia akae vizuri, maana swali lake lina mwaka mzima ndani yake. Akacheka, akadhani namfanyia mzaha. Lakini wazee waliokuwapo hawakucheka. Wao wanajua kwamba picha ile iliwahi kumtoa mtu machozi, ikamnyamazisha mwingine, na kwamba nyumba moja ya Maskati ilikaribia kuambiwa imeswaliwa miaka yote huku mali ya wizi ikining'inia ukutani.

Mwaka wenyewe ni 1970. Habari za ukoo wangu ninaziacha. Mwenye kutaka nasaba akawaulize wanaojivunia nasaba, mimi nimejifanya mwenyewe. Nilitoka Unguja mwaka 1964 na mashati mawili, nikaingia melini kama msaidizi wa jikoni, nikateremka Livorno, nikaosha sahani Firenze. Mto wa mji ule ulipofurika na kuingia makanisani, niliingia katika matope pamoja na vijana wa kila taifa, tukibeba picha za mbao mabegani kama watu wanaobeba majeneza. Matope yalipokauka wenzangu walirudi makwao. Mimi sikuwa na pa kurudi, na isitoshe nilikuwa nimeshamwona mzee mmoja akisafisha shavu la malaika kwa pamba iliyozungushiwa kijitini, taratibu, kama mama anavyomfuta mtoto anayelala, nikajisemea: kazi hii naiweza. Niliiweza. Nilifuzu kwa alama ambazo mwalimu alizisoma kwa sauti mara mbili, kwa kuwa mara ya kwanza wenzangu hawakuamini. Ziliponifikia habari kwamba Oman imefungua milango na inawataka wanawe waliosoma, niliikunja diploma yangu nikaitia ndani ya mkebe wa bati, nikaja Maskati kifua mbele.

Karani aliyenipokea alikuwa kijana wa Unguja kama mimi, aliyenitangulia kwa majuma machache tu, lakini ameshajifunza kuangalia karatasi za watu kwa upande wa jicho. "Diploma ya nini hii?" akauliza. Nikamwambia ni ya kuhifadhi picha za kale za mbao. "Picha za nani?" Za malaika, nikasema, za watawa wa Kinasara, za Bibi Mariamu. Akaikunja polepole, kama mtu anayefunika sufuria ambayo hakupenda alichokiona ndani. "Yakhe," akasema, "nchi haina madaktari, haina walimu, haina barabara, wewe watuletea diploma ya masanamu? Kitaliano unakijua?" Nikamjibu ninakijua kuliko baadhi ya wenyewe, na sikuwa ninasema uongo. Akanipeleka Matrah, kwenye kazi ya bandari mpya, niwe mkalimani wa mhandisi wa Kitaliano aliyeitwa Sandro. Kwa hiyo diploma yangu, ambayo leo maprofesa wanaiulizia, ilianza kazi kwa kutafsiri maneno ya saruji na mawe. Sikulalamika. Asubuhi nilikuwa nikivuka njia ya mlimani kwenda Matrah, jioni nikirudi Maskati, na njiani nilikuwa najiambia kwamba mtu aliyesoma ni kama mbegu ya ukwaju, haiozi kwa kungoja.

Nilipanga chumba katika nyumba ya wajane wawili, ndani ya kuta za mji. Wote walikuwa wake wa mtu mmoja, marehemu Sheikh Humud, mfanyabiashara aliyekuwa akienda na kurudi baina ya Unguja, Mogadishu na Maskati. Mke mkubwa alikuwa Bi Salma, mtu wa Unguja, mnene, mcheshi, mwenye ulimi usiokaa ndani. Mke mdogo alikuwa Bi Rozina, Mtaliano aliyezaliwa Mogadishu, binti wa muuza dawa. Aliolewa na Sheikh Humud, akasilimu, na Kiswahili akajifunza kwa mke mwenzake, kwa hiyo alisema Kiunguja safi kupita mimi niliyeharibiwa na Ulaya. Chumba changu kilikuwa cha chini, kuta nene, vidaka vya chokaa vyenye harufu ya ubani, dirisha moja la kuchungulia uchochoroni. Na ukutani, mahali ambapo kwa kawaida mtu hutundika saa au aya iliyoandikwa vizuri, palikuwa na ubao. Ubao mtupu, mkubwa kama kilango cha kabati, umejaa njia za mchwa, una misumari ya kale iliyopinda.

"Bi Mkubwa," nilimwuliza Bi Salma siku ya kwanza, "hili ni dirisha la kwenda wapi?"

"Si dirisha hilo. Ni mgeni wa mke mwenzangu. Kageuzwa." Akaona sijafahamu, akakaa kitako kizingitini, ishara kwamba maelezo ni marefu. "Upande wa pili pana picha ya Bi Mariamu kampakata mwanawe, nabii Isa. Ya babu yake Rozina. Alipoolewa alikuja nayo, hakuja na kitu chengine. Mimi nikasema, mume wangu, malaika hawaingii nyumba yenye sanamu. Rozina akalia. Marehemu akamtazama huyu, akamtazama huyu, akasema: ubao utakaa, kwa kuwa ni kumbukumbu ya mtu, lakini hautatutazama. Utatazama ukuta. Basi nao watazama ukuta, na sisi twaswali, na khasama ikesha."

Miaka mingi nimefikiri juu ya hukumu ile, na bado naiona ya busara kuliko hukumu nyingi za mabaraza. Lakini kwangu ilikuwa adhabu. Mchana wa joto nilijinyoosha pale chumbani nikiutazama mgongo wa picha kama bwana arusi wa zamani ambaye hajaruhusiwa kuuona uso. Nami mgongo niliusoma. Mbao ilikuwa ya mti laini ambao Wataliano wa kale waliupenda, imechongwa kwa tezo, si kwa randa; ilipita alama ya ubao wa kukingama, nayo ilitoka ukingo huu hadi ukingo ule bila kukoma, maana yake picha ile haikuzaliwa peke yake, ilikuwa kipande cha kazi kubwa, na siku moja ilikatwa. Ina umri wa mamia ya miaka, niliapa. Nani aliichora? Imefikaje kwa muuza dawa wa Mogadishu? Chakula kilikuwa kinapoa mbele yangu nikiwaza. Kuigeuza bila ruhusa sikuthubutu. Nyumba ya wajane ina adabu zake.

Ruhusa ilikuja kwa njia ya wali. Mwezi wa Shaaban nilimwalika mhandisi Sandro chakula cha mchana siku ya Ijumaa, kwa kuwa Bi Rozina alikuwa ananisumbua: "Nletee mtu wa kwetu nimsikie anavyosema." Walikaa wakazungumza, na mara mama wa watu akapiga ukelele wa furaha: mji aliozaliwa Sandro, mji mdogo wa mlimani ambao hata kwenye ramani unahitaji miwani, ndio mji wa babu yake. Akanyanyuka, akaingia chumbani kwangu, akarudi ameukumbatia ubao, akaugeuza mbele yetu. Bi Salma akajifunika uso kwa upande wa kanga yake, lakini jicho moja alilibakisha nje.

Nitasema nilichokiona. Dhahabu nyuma ya kichwa cha Bibi Mariamu ilikuwa nzuri, imetobolewa vijiua vidogo vidogo kwa ncha ya chuma, kazi ya mtu mwenye subira. Joho lake la buluu lilikuwa limetiwa giza na moshi. Lakini uso! Uso ulikuwa bapa kama sahani, mashavu mekundu kama aliyepakwa zafarani kwa haraka, na macho kama ya samaki aliyelala siku nyingi sokoni. Nilivunjika moyo. Sandro hakuvunjika moyo. Aliacha kutafuna. Akaweka tonge chini.

"Mama, umeipata wapi hii?"

"Ya babu yangu," akasema Bi Rozina. "Alikuwa seremala. Aliwatengenezea kanisa viti vyote, na padri hakuwa na cha kumlipa, akampa picha hii."

Sandro akasema polepole, na mimi nikamfasiria Bi Salma neno kwa neno kadiri nilivyoweza. Alisema kanisa la mji wao lina safu ya picha za mbao juu ya madhabahu, na katikati ya safu pana pengo. Kila Jumapili ya utoto wake alilitazama pengo lile. Safu nzima ilichorwa na mtu mmoja mkubwa, wao humwita Ustadhi tu, na watu huja kutoka mbali kumwona. Upana wa pengo anaujua kwa macho, na mtoto aliyepakatwa anageukia kulia, kama inavyohadithiwa. "Hakuna padri duniani," akasema, "atakayetoa kazi ya Ustadhi kuwa ujira wa viti. Kitu hiki kiliibwa."

"Babu yangu mwizi?"

"Sikusema hivyo, mama."

"Umesema. Jamvini kwangu, na wali wangu mdomoni mwako."

"Kasema nini huyo?" Bi Salma akanivuta mkono. Nikamwambia anasema picha imepotea kwao. "Usinifanye mtoto mimi. Uso wa mwenzangu si uso wa mtu aliyeambiwa khabari za kupotea."

Inafaa nieleze ni kitu gani kilikuwa hatarini siku ile, maana vijana wa leo hudhani ugomvi wa picha ni ugomvi wa bei. Bei haikutajwa hata mara moja. Bi Rozina alikuwa amekatwa na ndugu zake siku aliyosilimu. Hawakumwandikia tena, wala baba yake alipokufa hawakumwarifu. Kutoka kwao alibaki na ubao mmoja na hadithi moja, kwamba ubao huo ulipatikana kwa jasho. Hadithi ikiwa ya uongo, basi ametoka kwa wezi, na zaidi ya hayo amemtia mumewe, mtu wa msikitini, katika nyumba yenye mali ya haramu hadi anakufa. Alinishika begani. "Wewe una diploma," akasema. "Nambie nani kaichora. Ikiwa ni huyo Ustadhi wao, babu yangu kaiba, kwa kuwa kweli hapana atakayeitoa. Ikiwa ni ya mwanafunzi tu, padri aliweza kumpa. Sema."

Nilisema papo hapo. Sikuwa mtu wa kuomba muda. "Hii si kazi ya mkubwa yeyote," nikatamka kwa Kiswahili na kwa Kitaliano, "ni mkono wa mwanafunzi, tena mvivu. Tazameni macho haya." Bi Rozina akashusha pumzi mpaka mabega yakaanguka. Sandro akapangusa vidole vyake taratibu. "Diploma yako inaona kupitia masizi?" akauliza. "Isafishe kwanza. Nikiona uso wa mwanafunzi mvivu, nitaomba radhi." Nikamwambia nitaisafisha mpaka ajione ndani yake. Hivyo ndivyo nilivyojifunga, nami kujifunga hakujanitia hofu maisha yangu yote.

Hesabu moja tu niliisahau. Mwezi uliofuata ulikuwa Ramadhani. Na dawa bora ya kuondolea masizi juu ya picha ya kale, mtu asicheke, ni mate. Maji huingia kwenye nyufa yakainua rangi. Pombe kali huila. Mate ya binadamu yana nguvu ya kula uchafu bila kula rangi, tena yana uvuguvugu unaotakiwa. Firenze sote tulifanya hivyo, na maprofesa pia: unazungusha pamba kijitini, unailowesha ulimini, unasugua mahali padogo kama ukucha, unaitupa, unachukua nyengine. Niliweka ubao uani penye mwanga mzuri wa asubuhi, nikatia pamba ya kwanza mdomoni, na Bi Salma akatoka jikoni kwa ukelele.

"We Nassor! Saumu yako iko wapi?"

"Simezi kitu, Bi Mkubwa. Nailowesha tu."

"Na huyo Bi Mariamu wamtemea mate? Mamake nabii Isa?"

"Namsafisha."

"Kwa mate! Na ukisahau ukayarudisha mdomoni yakiwa yametoka na uchafu, umefungua. Nenda kamwulize sheikh yoyote." Alikuwa amesema kweli, lakini taabu yangu haikuwa hiyo. Taabu ni kwamba mate hayakuwapo. Kinywa cha mfungaji ni wadi ya kiangazi, bonde la mto uliokauka. Nilijaribu mara kadhaa, nikapata unyevu wa kusafishia nusu ya kidole cha mtoto Isa. Usiku baada ya futari mate yalikuwapo lakini mwanga haukuwapo. Bi Salma akanitazama ninavyohangaika, akaanza kucheka mpaka akaegemea nguzo. "Basi si mwiteni asiyefunga! Yeye ndiye mwenye picha yake na ustadhi wake. Mate na yatoke kwa mdai."

Na kweli, Ijumaa iliyofuata Sandro alikuja, akaelezwa, akawa mwekundu hadi masikioni, akakubali. Kwa heshima ya sisi tuliofunga, Bi Salma alimkalisha akitazama ukuta, asionekane anavyotia pamba mdomoni. Akawa anailowesha na kunipitishia mkono kwa nyuma ya bega, nami nasugua. Tulifanya kazi hivyo, mimi na mtu aliyekuja kunivunja, kama mafundi wawili wa cherehani moja. Baada ya muda akasema kwa sauti ya huzuni kwamba mate yamekwisha.

"Mtajie ndimu," akasema Bi Salma.

"Nini?"

"Mtajie ndimu. Mwambie ndimu ya kupikwa na pilipili na chumvi, imekaa juani. Mwambie embe mbichi imekatwa, imemwagiwa pilipili ya unga." Nilitafsiri. Nilitafsiri vizuri mno, nadhani, maana hata Bi Rozina aliyekuwa jikoni akichekecha unga alipiga kelele kwamba tumche Mungu, magharibi iko mbali. Sandro akaanza kumeza, na pamba zikaja zimelowa tepe. Masizi yakatoka meusi kama wino. Buluu ikafunguka. Na uso ukawa safi, na ulikuwa mbaya vilevile, mbaya zaidi hata, nami nikamgeukia Sandro nikamwambia: haya, tazama mwanafunzi wako.

Akageuka, akatazama. Hapo ningeweza kuacha. Mtu asiye na elimu angeacha, kwa kuwa ameshinda. Lakini nilikuwa nimetoa lenzi yangu kwa ajili ya kujionyesha tu, na ndani ya lenzi nikaona kitu kilichonifanya nisahau ushindi. Nyufa za dhahabu zilikuwa nyembamba na za zamani sana, zimesambaa kama mishipa ya jani. Zilipofika ukingo wa shavu hazikukoma, zilizama. Rangi ya shavu ilikuwa imepita juu yake, imezifunika, ikapata nyufa zake yenyewe, pana na za kivivu. Uso ule ulipakwa juu ya uso mwingine.

Sikumwambia mtu. Nilichukua kisu changu chembamba, cha aina wanayotumia madaktari wa macho, nikainamia jicho la kushoto. Nani yuko chini? Sijawahi, kabla wala baadaye, kutamani kujua jambo kama nilivyotamani dakika zile. Rangi ya juu ilikuwa ngumu, ilitoka vipande vidogo kama mba. Kwanza pakatokea kijani hafifu, kile ambacho wachoraji wa zamani walikitanguliza chini ya ngozi ili iwe na uhai. Kisha kope, iliyochorwa kwa mistari myembamba kuliko unywele. Kisha jicho. Jicho refu, lenye kusikitika kidogo, linalomtazama mtu kana kwamba limemsikia akiingia. Sandro alikuwa ameshasogea begani kwangu. Machozi yalimtoka wazi, hakuyafuta.

"Ndiye," akasema. "Ndiye Ustadhi. Sasa sema mwenyewe, mwenye diploma. Huu ni mkono wa mwanafunzi mvivu?"

Nikasema si mkono wa mwanafunzi mvivu. Diploma yangu hainiruhusu kusema vingine. Kitu kikaanguka mlangoni pa jikoni. Ilikuwa chekecheke ya Bi Rozina, unga umemwagika miguuni mwake. Yeye Kitaliano hakuhitaji mkalimani. "Basi," akasema kwa Kiswahili, akimwambia mke mwenzake, si sisi, "babu kaiba."

Mabingwa wengi wamekuja tangu siku ile kulitazama jicho, maana habari zilitembea. Mmoja aliyenyoa ndevu kwa ufundi mkubwa alisema bila shaka ni Ustadhi. Mwingine akasema si yeye, ni mwanafunzi wake bora, aliyemwiga hadi mwalimu akashindwa kujijua. Bibi mmoja profesa akasema wote wawili wamekosea, ni karakana ya mji jirani. Wote wamelitazama kupitia kidirisha nilichokifungua mimi, kidogo kama kisanduku cha kibiriti, na hakuna hata mmoja aliyekipanua, kwa kuwa Bi Rozina alikataza. Nilipomwambia naweza kuutoa uso mbaya wote, aliniambia: "Huo mbaya ndio uliompa mama yangu usingizi. Acha." Kwa hiyo kule Hail, kwa mjukuu wa Bi Salma, yupo Bibi Mariamu mwenye uso wa sahani na jicho moja la peponi, na anaitwa kazi ya huyu na ya yule. Kila mwaka nasoma hoja mpya, na kila mwaka nafurahi kwamba bado hawajui. Lakini yule jirani wa hemani alitaka kujua hasa, na hasa yangu ni hii: mikono miwili, angalau. Na kilichomwokoa seremala kilikuwa mkono mbaya.

Maana siku ile, unga ukiwa bado chini, niliendelea kutazama. Mwenzangu hodari angekwisha kuingiwa na haya akaenda zake. Mimi haya hunizidishia macho. Kwenye joho, kifuani na kando ya shingo, nilikuwa nimeona vitundu, nikadhani ni vya wadudu wa mbao. Chini ya lenzi havikuwa vya wadudu. Mdudu hutoboa duara. Hivi vilikuwa vya pembe nne, vya misumari myembamba.

"Sandro," nikasema, "kwenu mtu akiweka nadhiri, mwanawe akipona, anafanya nini?"

"Anapeleka moyo mdogo wa fedha. Anaupigilia."

"Anaupigilia wapi?"

"Zamani, kwenye picha yenyewe. Sasa pembeni. Kwa nini?"

"Nyumbani kwa seremala, majirani wangekwenda kupigilia nadhiri zao?"

"Nyumbani kwa mtu? Nadhiri hupelekwa kanisani, wewe. Mbele ya watu."

Bi Salma, aliyekuwa ananidai tafsiri kwa kunifinya, alipofahamu akaitikia kwa kichwa. Nadhiri haihitaji kufasiriwa kwa mtu wa Unguja. Nikampa Sandro lenzi. Nikamwonyesha kitundu kilichokuwa ukingoni mwa shavu, kimetoboa rangi mbaya. Rangi ilikuwa imevunjika ukingoni, na ndani ya kitundu hapakuwa na chembe yake. Nikamwonyesha cha pili, na cha tatu. "Mpakaji mbaya angekuja baada ya misumari," nikasema, "rangi yake ingeingia mashimoni. Haikuingia. Alitangulia yeye, misumari ikafuata. Basi Bibi Mariamu huyu alikuwa na uso wa sahani akiwa bado kanisani kwenu. Padri aliyemlipa seremala hakumwona Ustadhi wenu hata siku moja. Aliona hiki ulichokiona wewe ulipogeuka."

Alikaa na lenzi muda mrefu. Akahamia kitundu hiki na kile, akirudi tena. "Basi padri alikuwa mjinga," akasema mwishowe.

"Mjinga si mwizi. Na aliyelipwa na mjinga si mwizi."

Bi Rozina hakushukuru mtu. Aliokota chekecheke, akaikung'uta. "Mwambie asiondoke," akaniambia. "Neno alilisema jamvini, atalifuta jamvini."

Sandro akakaa nasi mpaka mzinga wa magharibi ukalia, bila kunywa hata maji, ingawa hakuna aliyemkataza. Tukafungua kwa tende, tukaswali, tukarudi kwenye jamvi. Chakula kilikuwa kimefunikwa na mkono wa Bi Rozina ulikuwa juu ya kawa. Sandro alinitaka nimfundishe maneno kwa Kiswahili, ili wote wawili wasikie. Akayasema akiwa amepiga magoti, kwa lafudhi ya kuchekesha, lakini hakuna aliyecheka: "Babu yako si mwizi. Mimi nimekosa."

"Aseme tena," akasema Bi Salma, "nilikuwa nanawa mkono." Akasema tena.

Bi Rozina akamtazama. "Mpaka leo ulikuwa unadai. Haki ya kudai huna. Sasa, ukitaka, omba."

Akaomba. Hakuomba kama mhandisi. Alisema habari za pengo lile, za mama yake aliyekuwa akilitazama kila Jumapili kana kwamba pana mtu, za mwanga unaoingia asubuhi ukaangukia mbao tupu. Nami nikawa namfasiria Bi Salma. Bi Rozina alimsikiliza mpaka mwisho.

"La," akasema. "Ni yangu. Lakini umeomba vizuri."

Akafunua kawa, akavuta sinia ya tambi, zimepikwa kwa sukari, tui la nazi, iliki na zabibu, akaiweka mbele ya yule mtoto wa nchi ya tambi za chumvi. Sandro akaangalia, akainama kuninong'oneza. "Ni tamu?"

"Tamu."

"Tambi?"

"Mwambie ale," akasema Bi Salma, "zikipoa hushikana."

Akala.